Elimu ya Sheria na Ujirani wa Vyuo

Bwana Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti letu hili ili niwaambie wana-chama wenzangu neno ambalo limenikaa moyoni siku nyingi. Neno lenyewe lahusu elimu ya sheria, na jinsi vyuo vinavyofundisha sheria katika nchi zetu za Afrika ya Mashariki vinavyopaswa kusaidiana. Huenda msomaji akauliza: sisi makarani tuna nini na vyuo vya sheria? Kazi yetu ni kunakili, kuhesabu, kupiga mhuri na kutunza majalada. Namjibu kwamba hapana mtu aionaye sheria kwa karibu kuliko karani. Hakimu huiona siku ya shauri, na wakili huiona siku aliyoajiriwa. Bali karani huiona kila asubuhi, mlangoni pa ofisi, katika uso wa mtu aliyekuja na karatasi asiyoijua maana yake.

Nimepata kumwona mzee mmoja wa huku mlimani ambaye alipokea hukumu ya shauri la shamba lake, imeandikwa kwa Kiingereza. Akaikunja, akaiweka sandukuni pamoja na hati zake, akingoja mwanawe arudi likizo amsomee. Mwana aliporudi, siku za rufani zilikuwa zimekwisha. Mzee hakushindwa kwa kukosa haki. Alishindwa kwa kukosa mtu wa kumwambia mapema haki yake iko wapi na mwisho wake ni lini. Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza ni nani anayewafundisha hao watakaosimama kati ya wazee wetu na karatasi, na wanafundishwa nini.

Wahenga walisema, Usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa ninaotaka kuuonyesha ni huu: nchi zetu zimeunganisha forodha, zimeunganisha soko, tena zimejenga mahakama moja, lakini hazijaunganisha mafundisho ya wale watakaotuombea haki katika mahakama hiyo.

Sisi wakaaji wa Akheri na Meru yote hatuna haja ya kwenda mbali kutafuta mfano, kwa maana mfano mkubwa kuliko yote ulitokea katika ardhi yetu wenyewe. Baada ya Vita Kuu ya Pili, Jaji Mark Wilson alitoa taarifa yake juu ya ardhi za Arusha na Moshi, na kwa kuifuata taarifa hiyo Serikali ya Tanganyika ikakata shauri kwamba Wameru wa Engare Nanyuki waondolewe, ili nchi ile iwe mahali pa walowezi wa Kizungu kufuga ng'ombe. Mwezi wa Novemba 1951 amri ikatimizwa. Watu wapatao 3,000 waliondolewa kwa nguvu, nyumba zao zikachomwa moto, nao wakaambiwa wahamie Kingori.

Wameru hawakushika mikuki. Walishika kalamu. Waliandika malalamiko, wakachangishana fedha, na mwaka 1952 wakampeleka Bwana Kirilo Japhet mpaka New York, akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa na kueleza habari za kabila lake. Aliyewasaidia katika sheria alikuwa wakili Earle Seaton, ambaye ofisi yake ilikuwa Moshi. Shauri lile halikuirudisha ardhi mwaka ule, kwa sababu katika Baraza Kuu kura hazikufika theluthi mbili zilizotakiwa. Hata hivyo dunia nzima ilisikia jina la Meru, na Watanganyika wengi walijifunza kwamba amri ya Serikali yaweza kuulizwa kwa njia ya sheria. Mwaka 1967 Bwana Kirilo na Bwana Seaton walitoa kitabu juu ya shauri hilo, nacho chafaa kusomwa na kila karani.

Sasa, wana-chama, tutazame jambo moja ambalo mara nyingi hatulisemi tunapoisimulia habari hii. Wakili Seaton hakuwa mtu wa Meru, wala wa Tanganyika, wala wa bara hili. Alizaliwa Bermuda, kisiwa kidogo katika bahari ya Atlantiki, naye alisoma Marekani na Uingereza kabla ya kuja huku. Kwa nini Wameru walimtegemea mtu wa Bermuda? Hawakuwadharau watu wa nyumbani. Mawakili wa nyumbani ndio hawakuwako. Wakati ule aliyetaka kuwa wakili ilimbidi asafiri hadi London, na Serikali ya kikoloni haikupenda sana kuwalipia Waafrika masomo ya sheria. Ilipenda waganga, waalimu na mabwana shamba, na hao walikuwa wa maana, lakini hawakuweza kumwuliza Gavana swali mbele ya jaji. Hata uhuru ulipokaribia mwaka 1961, mawakili Waafrika wa nchi hii walikuwa wa kuhesabika kwa vidole.

Kwa hiyo asiseme mtu kwamba ushirikiano wa elimu ya sheria kati ya mataifa ni jambo la anasa. Shauri letu la Meru lisingalifika New York kama kijana wa Bermuda asingalifunzwa sheria katika nchi za mbali, kisha akaileta elimu yake Moshi. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni alikuja, na mwenyeji alipona kwa kiasi chake.

Lakini mwenyeji hawezi kungoja mgeni siku zote. Hilo lilitambuliwa, na ndiyo maana Chuo Kikuu kilipoanzishwa Dar es Salaam tarehe 25 Oktoba 1961, majuma machache kabla ya uhuru, elimu ya kwanza iliyofundishwa ilikuwa sheria. Wanafunzi wa kwanza hawakuzidi 14, na madarasa yao yalikuwa katika jumba la TANU mtaa wa Lumumba. Mmoja wa waalimu wa miaka ile ya mwanzo aliitwa William Twining, mzaliwa wa Kampala. Baba yake ni yule Sir Edward Twining, aliyekuwa Gavana wa Tanganyika siku Wameru walipochomewa nyumba zao. Baba alitia mhuri wake katika mambo yaliyowafukuza watu. Mwana, miaka 10 baadaye, akawafundisha vijana wa watu wale wale namna ya kuusoma mhuri na kuuhoji. Jambo hili lanionyesha kwamba elimu haina ukoo. Huweza kutoka katika nyumba yoyote, ikaingia katika nyumba yoyote, mradi mlango uwe wazi.

Tena chuo kile hakikuwa cha Watanganyika peke yao. Mwaka 1963 kilikuwa sehemu ya Chuo Kikuu cha Afrika ya Mashariki, pamoja na Makerere na Nairobi. Nchi tatu ziligawana kazi kama ndugu wanavyogawana mifereji ya maji: aliyetaka sheria alikwenda Dar es Salaam, awe Mganda, Mkenya au Mtanzania. Waliketi dawati moja, wakasomeshwa na mwalimu mmoja, wakafanya mtihani mmoja. Matunda yake tuliyaona kwa muda mrefu. Profesa Issa Shivji, ambaye maandishi yake juu ya ardhi na katiba yanasomwa pande zote, ni mwanafunzi wa chuo kile. Dakta Willy Mutunga, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Kenya tangu 2011 hata 2016, alisomea sheria Dar es Salaam. Mkenya aliyefunzwa Tanzania akaongoza mahakama za Kenya, wala Wakenya hawakupungukiwa na kitu.

Mwaka 1970 Chuo Kikuu kile cha pamoja kiligawanyika, kila nchi ikachukua chake. Mwaka 1977 na Jumuiya yenyewe ikavunjika. Silaumu mtu, nyumba ikigawanyika kila ndugu hujenga jiko lake. Kenya ilikwisha kuwa na chuo cha kuwafunza mawakili tangu 1963. Uganda ikafungua chake mjini Kampala mwaka 1970. Tanzania ilifungua Shule ya Sheria mwaka 2008. Rwanda nayo ina chuo chake Nyanza. Majiko ni mengi na moto unawaka, na jambo hilo ni la kushukuru. Ila mapishi hayaulizani.

Tazameni sasa ajabu yake. Mkataba wa Jumuiya mpya ya Afrika Mashariki ulitiwa sahihi hapa Arusha tarehe 30 Novemba 1999, ukaanza kutumika mwaka 2000. Katika Ibara ya 126 nchi zilikubali kuweka mafundisho ya namna moja kwa wanaosomea uwakili, na kipimo kimoja cha mitihani cha kumruhusu mtu kuwa wakili katika mahakama kuu. Zilikubali pia kufufua uchapishaji wa vitabu vya hukumu za Afrika Mashariki. Maneno hayo yameandikwa, yametiwa sahihi, yamepigwa mhuri. Zaidi ya miaka 20 imepita, na kijana wa Arusha na kijana wa Nairobi bado kila mmoja hufuzu kwa mtihani wa nchi yake. Wahasibu na wasanifu wa majengo walitiliana sahihi ya kutambuana mwaka 2011, na wahandisi wakafuata mwaka 2012. Mawakili, ambao kazi yao ndiyo kuandika mikataba ya watu wengine, walibaki nyuma katika mkataba wao wenyewe.

Na mahakama je? Mahakama ya Afrika Mashariki iko hapa Arusha tangu 2001, mwendo mfupi kutoka Akheri. Wakili yeyote anayeruhusiwa kusimama mbele ya mahakama kuu ya nchi yoyote ya Jumuiya aweza kusimama mbele ya mahakama hiyo. Maana yake, mlango wa mahakama umekwisha kufunguliwa kwa wote. Mlango wa darasa ndio uliofungwa. Tena mtu wa kawaida, mkulima wa kahawa au mchuuzi wa sokoni, akiona kwamba sheria au amri ya nchi yake imevunja Mkataba, anaruhusiwa kupeleka shauri lake huko. Lakini anapewa miezi 2 tu. Makarani wenzangu mwajua uzito wa tarehe. Miezi 2 ni muda wa barua kuzunguka ofisi tatu na kurudi bila jibu. Wakili asiyefundishwa sawasawa sheria ya Jumuiya ataikumbuka siku hiyo baada ya kupita, na mteja wake atakuwa kama yule mzee wa sandukuni.

Najua yako maneno yanayopinga, nami sitaki kuyapita kimya.

Wako wasemao: sheria zetu hazifanani. Tanzania, Kenya na Uganda zilirithi sheria za Waingereza, lakini Rwanda, Burundi na Kongo zilirithi za Wabelgiji. Mafundisho ya namna moja yatawezekanaje? Neno hili ni la kweli, nalo lina uzito, hasa tangu Jumuiya ilipokua hata kufika nchi 8, Somalia ikiingia mwaka 2024. Lakini ukweli huo ndio unaotulazimisha kusoma pamoja. Hapa Arusha, Mahakama ya Umoja wa Mataifa juu ya mauaji ya Rwanda ilifanya kazi yake hata mwisho wa mwaka 2015. Majaji wake walitoka katika desturi hizo zote mbili, nao waliketi meza moja, wakatoa hukumu. Tarehe 2 Septemba 1998 walimhukumu Jean-Paul Akayesu, na kwa hukumu ile mahakama ya mataifa ilimtia mtu hatiani kwa kosa la mauaji ya kimbari kwa mara ya kwanza. Ikiwa wazee wenye mvi waliweza kujifunza desturi za wenzao katika shauri zito namna ile, vijana wa miaka 20 watashindwaje darasani? Wala sisemi kila somo liwe moja. Sheria ya ardhi ya kila nchi na ifundishwe na nchi yenyewe. Yale yanayotuunganisha, yaani sheria ya Jumuiya, biashara ya mipakani, haki za binadamu na adabu ya uwakili, hayo yafundishwe kwa namna moja.

Wako wengine wasemao: ushirikiano na vyuo vya ng'ambo ni kugeuzwa wanafunzi wa milele. Mwalimu hutoka Ulaya au Marekani, kitabu kadhalika, na sisi tunabaki kuandika atakayosema. Hawa nawahurumia, kwa kuwa wameona mengi. Lakini dawa yake si kufunga mlango. Dawa ni kuhakikisha kwamba watu wanapita pande zote mbili. Sheria ya kihamba, namna shamba la migomba na kahawa linavyorithiwa, namna maji ya mfereji yanavyogawanywa kati ya wa juu na wa chini, namna washili wanavyosuluhisha ugomvi wa mpaka, hayo hayamo katika vitabu vya London. Mwanafunzi wa ng'ambo akitaka kuyajua hana budi kuja kuketi hapa. Mwenye kitu cha kufundisha hawi mwanafunzi wa milele, ila akikificha.

Na wako wa tatu, nao husema kwa sauti ya chini: mawakili wa nchi nyingine wakija, watoto wetu watakosa kazi. Hofu hii ni ya kibinadamu. Nami nauliza, ni kazi ya nani tunayoilinda: ya wakili, au ya yule mtu aliye mlangoni pa ofisi? Huko vijijini, watu wengi huingia mahakamani bila wakili yeyote, wa nyumbani wala wa ugenini. Shamba ni kubwa na wakulima ni wachache. Ajabu ni wakulima kugombania jembe.

Baada ya kusema hayo, yafaa nitoe mashauri yangu, maana kulalamika bila shauri ni kupiga kelele.

Kwanza, vyuo vianze na jambo dogo linalowezekana. Badala ya kungoja mafundisho yote yapatanishwe, vyuo vya mawakili vya Dar es Salaam, Nairobi, Kampala na Nyanza vikubaliane juu ya somo moja tu, somo la sheria ya Jumuiya, na karatasi moja ya mtihani itakayofanywa siku moja katika nchi zote. Akifuzu Mganda na akifuzu Mnyarwanda, itajulikana wamepimwa kwa kibaba kimoja.

Pili, wanafunzi waletwe Arusha. Hapana mji mwingine katika Afrika ya Mashariki wenye mahakama za mataifa kama huu: iko Mahakama ya Afrika Mashariki, iko na Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu. Na hapa kando ya barabara yetu ya Moshi, Chuo Kikuu cha Tumaini Makumira kinafundisha sheria. Chuo hicho kingeweza kuwa mwenyeji wa wanafunzi wa nchi zote kwa miezi michache kila mwaka, wakasikiliza mashauri asubuhi na kujadiliana jioni. Wangeonja pia ndizi za Meru, na mtu hamsahau jirani aliyekula naye.

Tatu, lugha. Mwaka 2021 Tanzania ilibadili sheria yake ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama, na mwaka huo huo wakuu wa nchi za Jumuiya wakakubali Kiswahili kiwe lugha rasmi pamoja na Kiingereza na Kifaransa. Hii ni baraka, lakini baraka isiyotunzwa huoza. Ikiwa kila nchi itajitungia maneno yake ya sheria, tutakuwa na Kiswahili kimoja sokoni na vitano mahakamani. Vyuo na vikae pamoja vitunge kamusi moja ya sheria. Nao wasisahau kuwaita makarani na wakalimani wa mahakama, kwa kuwa hao ndio waliokuwa wakiyatafsiri maneno haya miaka yote bila kamusi, kwa kusikia mashahidi wanavyosema.

Nne, sisi wenyewe. Chama cha watumishi Waafrika wa Serikali kilianzishwa Tanga mwaka 1922 na marehemu Martin Kayamba, naye na wenzake walitaka watumishi wasome, wakutane na kusaidiana. Tuifuate njia hiyo. Kila tawi na liwe na rafu moja ya vitabu vya sheria na nakala ya Mkataba wa Jumuiya. Wana-chama walio katika masjala za mahakama wawapokee wanafunzi wanaokuja kujifunza, kwa ruhusa ya wakuu na kwa adabu ya kazi, wawaonyeshe jinsi jalada linavyotembea toka siku ya kufunguliwa hata siku ya hukumu. Mwalimu wa chuo hawezi kumfundisha mwanafunzi jambo hilo, karani aweza. Na mwenye mtoto anayependa sheria asimzuie kwa kuwa chuo alichopata kiko Kampala au Kigali. Mzee Kirilo alivuka bahari; mtoto wako avuke mpaka tu.

Bwana Mhariri, nimesema mengi, nami naomba radhi kwa aliyechoka. Lakini huku Meru twajua kwamba mfereji mmoja haufiki mashamba yote. Walio juu hupeana zamu na walio chini, na siku ya kuusafisha hutoka wote na majembe. Asiyetoka siku hiyo hana haki ya kulalamika maji yakimpita. Vyuo vyetu vya sheria ni mifereji, na haki ndiyo maji. Navyo vipeane zamu, vitoke pamoja siku ya kusafisha, ili mzee mwingine akija ofisini na karatasi yake amkute kijana atakayemsomea siku ile ile, na kumwambia kwa Kiswahili safi: Mzee wangu, siku zako bado zipo, keti tuandike.

Ndimi ndugu yenu katika kazi,
Karani wa Zamani,
Akheri, Meru.